Askofu Steere na paa wa thumuni moja

Wazee waliofanya biashara Busia na Malaba enzi za sarafu ndogo wanaikumbuka sumuni. Ilikuwa senti 50, nusu shilingi, na pande zote mbili za mpaka jina lilikuwa hilohilo. Si wengi wanaojua kwamba neno hilo lilitoka pwani. Ni thumuni, yaani sehemu moja ya nane, na Waunguja wa karne ya 19 walilitumia kwa sehemu ya nane ya riale, fedha iliyotawala soko lao.

Thumuni moja ndiyo mtaji katika hadithi moja ya Unguja. Maskini aitwaye Hamdani alikuwa akichakura jaani kutafuta punje za mtama. Siku moja akaokota thumuni. Badala ya kununua chakula, alinunua paa kutoka kwa mchuuzi aliyepita na kizimba, na watu wakamcheka. Kumbe paa yule alijua kusema. Aliokota almasi, akaipeleka kwa sultani wa mji wa mbali kuwa ni zawadi ya bwana wake, akamtangaza bwana wake kwa jina la Sultani Darai, akamposea binti ya sultani. Kisha akamuua nyoka mwenye vichwa saba na kumpa bwana wake jumba la nyoka huyo. Hamdani akawa mtu mkubwa bila kutoa jasho. Lakini paa alipougua, tajiri huyo mpya alimdharau, akaamuru apikiwe uji wa mtama kama mnyama asiye na maana. Paa akafa kwa uchungu. Usiku ukaja, Hamdani akaota yuko jaani anachakura. Alipoamka, hakuwa na jumba wala mke. Alikuwa jaani, anachakura.

Hadithi hiyo ilikuwa ikisimuliwa kwa mdomo. Iliingia kitabuni kwa sababu mgeni mmoja aliketi akaisikiliza na kuiandika kwa Kiswahili kama ilivyosemwa. Mgeni huyo ni Edward Steere, na maisha yake yanatuhusu sisi wa mpakani kuliko tunavyodhani.

Wakili aliyejifunza uchapaji

Steere alizaliwa London tarehe 4 Mei 1828. Alisoma katika Chuo Kikuu cha London, akafikia shahada ya udaktari wa sheria, na mwaka 1850 akakubaliwa kuwa wakili. Kwa kijana wa wakati ule, njia ya fedha ilikuwa wazi mbele yake. Hakuifuata. Aliacha uwakili, akajifunza kupanga herufi na kuchapa kwa mikono yake mwenyewe, halafu akawa kasisi wa Kanisa la Anglikana. Mwaka 1862 alikuwa kasisi wa Little Steeping, kijiji cha wakulima katika jimbo la Lincolnshire.

Wakati huo Misheni ya Vyuo Vikuu, iliyoundwa baada ya Dk. David Livingstone kuwahimiza wasomi wa Uingereza waikumbuke Afrika ya Kati, ilikuwa mashakani. Askofu wake wa kwanza, Charles Mackenzie, alikuwa amekufa kwa homa karibu na Mto Shire. Rafiki wa Steere, William Tozer, aliteuliwa kushika nafasi hiyo. Steere alikubali kumsindikiza kwa muda mfupi tu, kisha arudi kwenye parokia yake.

Wenye malori mnajua safari za muda mfupi zinavyokuwa. Walijaribu kuanza upya kandokando ya Mto Shire mwaka 1863, wakashindwa kwa maradhi na upweke. Mwaka 1864 wakahamia Unguja.

Soko la mkunazini

Unguja waliyoikuta ilikuwa bandari kubwa ya Afrika Mashariki. Majahazi yalikuja na upepo wa kaskazi kutoka Arabuni na Bara Hindi, yakaondoka na kusi yakiwa yamesheheni karafuu na pembe za ndovu. Bidhaa nyingine ilikuwa watu. Sultani Majid bin Said alimpa Tozer wavulana watano waliokamatwa kwenye jahazi la watumwa. Hao ndio walikuwa wanafunzi wa kwanza wa misheni.

Kwa hiyo shule hiyo ilikuwa na watoto waliotoka bara, wenye lugha mbalimbali, na walimu waliojua Kiingereza. Lugha ya kuwaunganisha ilikuwa moja tu, ileile ya sokoni na ya misafara. Steere akaamua kuijifunza barabara. Kabla yake, Mjerumani Johann Ludwig Krapf alikuwa ameandika kuhusu Kiswahili cha Mombasa. Steere alishika Kiunguja.

Waswahili walikuwa wakiandika lugha yao kwa herufi za Kiarabu tangu zamani, kwa hiyo si kweli kwamba mgeni ndiye aliyewafundisha kuandika. Alichofanya Steere ni kuiandika Kiunguja kwa herufi za Kirumi, neno kwa neno, na kuuliza hadi aridhike. Mashine ya kuchapia ilikuwapo misheni, na ule ujuzi aliojifunza Uingereza ukapata kazi. Vijana waliookolewa utumwani walifundishwa kupanga herufi za risasi. Mikono iliyokusudiwa kuuzwa sokoni ikawa inachapa vitabu katika lugha ya soko hilohilo.

Mtu wa kusikiliza

Steere aligundua jambo ambalo mfanyabiashara yeyote mzuri analijua. Ukitaka kuijua lugha ya watu, usiwaulize orodha ya maneno. Waache waseme. Aliwaomba Waunguja wamsimulie hadithi, naye akaandika.

Zikamjia hadithi za kila namna. Kulikuwa na ile ya kima na papa, ambapo papa anamchukua kima baharini ili wakampelekee sultani moyo wake, na kima anajiokoa kwa kusema kwamba moyo ameuacha juu ya mkuyu. Kulikuwa na Mwalimu Goso, aliyekufa kwa kuangukiwa na tunda akiwa chini ya mti, na wanafunzi wake wakaanza kumtafuta mwenye hatia, kila anayeshikwa akimtaja mwingine. Kulikuwa na nunda, paka wa sultani aliyeachwa ale kuku, kisha mbuzi, kisha ng'ombe, hadi akala watu na wana wa sultani wenyewe, akauawa na mwana mdogo aliyekuwa hategemewi. Kulikuwa na Hasibu na mfalme wa nyoka. Kulikuwa pia na Liongo, shujaa wa pwani ya kaskazini, ambaye silaha haikumdhuru isipokuwa sindano ya shaba kitovuni.

Mwaka 1868 alirudi Uingereza. Mwaka 1870 alitoa vitabu viwili. Kimoja kilikuwa mwongozo wa lugha ya Kiswahili, uliotumiwa na wageni kwa miongo mingi. Cha pili kilikuwa mkusanyiko wa hadithi za Waswahili kama zilivyosimuliwa na wenyeji wa Unguja. Katika kitabu hicho aliweka Kiswahili ukurasa mmoja na Kiingereza ukurasa unaoutazama. Msomaji aliyetilia shaka tafsiri aliweza kugeuza macho na kuona asili yenyewe. Ni kama mzigo unaosafiri na stakabadhi yake.

Tusimpambe kupita kiasi. Steere alikuwa mmisionari, na lugha kwake ilikuwa kwanza chombo cha kuhubiri. Alichagua aandike nini na aache nini. Jina kwenye jalada lilikuwa lake, si la waliosimulia. Lakini kitabu chake kilitangaza wazi kwamba maneno ni ya watu wa Unguja, na hakuyabadilisha ili yafanane na hadithi za kwao Uingereza.

Kanisa juu ya soko

Alirudi Unguja mwaka 1872, mwaka ambao kimbunga kikubwa kilipiga kisiwa na kuharibu mikarafuu. Mwaka uliofuata, chini ya shinikizo la Uingereza, Sultani Barghash bin Said alitia sahihi mkataba wa kufunga masoko ya watumwa. Misheni ikapata kiwanja cha soko la Mkunazini, sehemu yake ikitolewa na mfanyabiashara tajiri wa Kihindi. Krismasi ya 1873 jiwe la msingi la kanisa likawekwa pale.

Mwaka 1874 Steere aliwekwa wakfu kuwa askofu mjini London. Aliporudi, alisimamia ujenzi mwenyewe. Paa la kanisa alilijenga kwa mawe ya matumbawe yaliyoshikizwa kwa saruji, likiwa kama nusu ya pipa lililolazwa, bila nguzo za katikati. Watu walitazamia liporomoke. Halijaporomoka mpaka leo. Ibada zikaanza kufanyika humo. Watembeza wageni wa Unguja husimulia kwamba nguzo fulani ndani ya kanisa ziliwekwa kichwa chini na mafundi wakati askofu hayupo, naye aliporudi akaziacha hivyo hivyo.

Alikuwa pia mtembezi. Mwaka 1876 aliongoza kundi la watu waliokombolewa utumwani kutoka pwani ya Lindi kwenda bara kuwatafutia makazi, nao wakakaa Masasi. Mji huo bado upo kusini mwa Tanzania. Wakati wote huo aliendelea kutafsiri. Agano Jipya lilikuwa kazi yake ya miaka mingi, akisaidiwa na wajuzi wa Unguja.

Alifariki Unguja Agosti 1882, akiwa na umri wa miaka 54. Alizikwa ndani ya kanisa lake, nyuma ya altare.

Kiswahili kinafika huku kwetu

Steere hakufika kamwe Busoga, Samia wala Bukedi. Lugha aliyoichapa ilifika. Mwaka 1875 msafiri Henry Morton Stanley alifika kwa Kabaka Mutesa I akiwa na kijana aitwaye Dallington Maftaa, aliyesomeshwa na Misheni ya Vyuo Vikuu Unguja. Stanley alipoondoka, Dallington alibaki Buganda kumsomea na kumwandikia Kabaka. Mtoto wa shule ya Tozer na Steere alikuwa miongoni mwa walimu wa mwanzo wa kusoma Kiswahili kwa herufi za Kirumi katika nchi ambayo leo ni Uganda.

Kwa upande wa mashariki, misafara ya Waswahili ilikuwa ikipumzika Mumias, safari fupi tu kutoka Busia ya leo, ikinunua pembe na chakula kabla ya kusonga mbele. Kisha ikaja reli. Ilifika ziwani, mahali panapoitwa sasa Kisumu, mwishoni mwa 1901. Miaka thelathini baadaye, mwaka 1931, reli iliyopita Malaba na Tororo ilifika Kampala.

Mwaka 1928 mkutano uliofanyika Mombasa ulichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu kwa Kenya, Uganda, Tanganyika na Unguja, na mwaka 1930 kamati ya lugha ya nchi hizo nne ikaanza kazi. Vitabu vya Steere vilikuwa sehemu ya sababu, kwani Kiunguja kilikuwa tayari na maandishi mengi yaliyochapwa. Kiswahili cha mawakala wa forodha na wabadilisha fedha wa Malaba kina ladha yake, lakini kinachoandikwa katika gazeti hili kinatokana na kile alichokichapa yeye.

Paa anavuka bahari

Sasa turudi kwa paa. Kati ya 1889 na 1910, mwandishi Andrew Lang alitoa London mfululizo wa vitabu 12 vya hadithi za ajabu kwa watoto, kila kimoja kikipewa jina la rangi. Vilijaa majini, wachawi, wanyama wanaosema na wana wa wafalme. Sehemu kubwa ya tafsiri ilifanywa na mkewe, Leonora, pamoja na wanawake wengine. Hadithi zilichumwa kutoka Ufaransa, Ujerumani, Urusi, Japani na kwingineko.

Kitabu cha rangi ya zambarau cha mwaka 1901 kilikuwa na paa wa Hamdani. Kilikuwa pia na nunda mla watu, na Hasibu. Kitabu cha mwisho, cha 1910, kilikuwa na kima na moyo wake. Zote zilitoka katika mkusanyiko wa Steere. Mwaka huohuo wa 1901, mjini Chicago, George W. Bateman alitoa kitabu chake cha hadithi za Unguja kwa wasomaji wa Marekani, na humo pia kima, papa, Goso na Hamdani wanaonekana. Reli ilipokuwa ikiingia Kisumu, watoto wa London na Chicago walikuwa wakilala na hadithi za Unguja masikioni.

Vitabu vya Lang vimechapwa tena na tena kwa zaidi ya miaka mia moja. Watoto wengi waliovisoma hawakujali asili ya hadithi hizo. Kwao zilikuwa hadithi za ajabu tu, na Unguja ni mahali mbali. Kurasa za Kiswahili za Steere hazikuvuka. Msimulizi aliyekaa barazani Unguja akimsemea askofu taratibu ili aandike hakuvuka pia.

Cheti cha asili

Mfanyabiashara mdogo anayepita Malaba na bidhaa zisizozidi thamani ya dola 2,000 anajua umuhimu wa cheti rahisi cha asili. Bila hicho, mahindi ya Tororo yanaweza kutozwa ushuru kama mali ya ng'ambo. Anajua pia kwamba bidhaa iliyotengenezwa kwa malighafi ya nje inaweza kuhesabiwa ya hapa ikiwa imebadilishwa vya kutosha katika nchi zetu.

Hadithi za Steere zinapita mtihani huo. Hasibu na nyoka wake ni ndugu wa hadithi iliyomo katika Alfu Lela Ulela. Kima aliyeacha moyo mtini anajulikana India tangu zama za kale, ila huko anayemdanganya ni mamba. Ziliingia Unguja kwa majahazi, pamoja na tende na nguo. Waunguja wakamfanya mamba kuwa papa, wakamkalisha kima juu ya mkuyu, wakamwingiza punda wa dobi wa mjini kwao. Wakaitia hadithi chumvi ya bahari yao. Ndivyo soko linavyofanya kazi: kinachoingia si kile kinachotoka.

Kwa hiyo hakuna ubaya hadithi kuvuka mpaka. Ubaya ni kurudi nyumbani ikiwa na bei ya ng'ambo na sisi tusiitambue. Mzazi wa Malaba anayemnunulia mtoto kitabu cha rangi chenye majini na wanyama wanaosema, akiamini anamletea kitu cha Ulaya, huenda anamletea paa wa Hamdani aliyebadilishiwa nguo. Na Wateso, Wasamia, Wajopadhola na Wabukusu wana sungura na mazimwi wao, ambao wengi hawajawahi kupata mtu wa kuketi na kuwaandika kama Steere alivyoketi barazani Unguja. Uganda alipatikana Okot p'Bitek, aliyekusanya hadithi za Waacholi na kuzitoa kitabuni mwaka 1978, miaka minne kabla ya kifo chake. Kazi bado ni kubwa kuliko wafanyakazi.

Steere alikwenda Afrika kupeleka kitabu. Sehemu kubwa ya kinachokumbukwa nje ya kanisa ni kile alichopewa, si kile alichopeleka. Alikipokea kwa heshima, akakiandika kama kilivyosemwa, na kwa sababu hiyo leo tunaweza kumfuata paa hatua kwa hatua mpaka kule alikotoka.

Hamdani hakuwa na bahati mbaya. Alipata paa kwa thumuni moja, bei nafuu kuliko zote zilizowahi kutajwa sokoni. Kosa lake lilikuwa kusahau ni nani aliyemtoa jaani. Jioni hii, malori yakiwa foleni na mtoto akisubiri usingizi, bibi aliye nyumbani bado anazo hadithi ambazo hazijaingia katika kitabu chochote. Aulizwe, na mwenye simu aziandike kwa lugha ileile anayosimulia yeye, na jina lake liandikwe juu.